Baharia Ajue Tajiri Wake Ni Nani

(Maneno yaliyosemwa kwa niaba ya halmashauri ya chama mbele ya wanachama na vijana waliomaliza mafunzo ya ubaharia, Mombasa. Yachapishwa hapa kwa ajili ya ndugu waliokuwa safarini siku ile.)

Bwana Mwenyekiti, ndugu wanachama, na ninyi vijana mliosimama huko nyuma karibu na mlango,

Tumeombwa tuseme juu ya kazi ya ubaharia: jinsi mtu anavyofundishwa, jinsi anavyoandikwa kazi, na maisha anayoyakuta melini. Hayo ni mengi kwa jioni moja, na twajua wengine wenu wana zamu ya alfajiri. Kwa hiyo mtatuwia radhi tukipita upesi mahali pengine na kukaa kitako mahali pamoja. Mahali penyewe ni neno hili: baharia ajue tajiri wake ni nani. Laonekana neno jepesi. Sisi wenyewe tuliliona jepesi, na baadaye tutawaeleza lilivyotuaibisha.

Tuanze hapa nyumbani. Mfanya kazi wa gatini hapa Kilindini tangu zamani alimjua tajiri wake. Mwezi wa Januari mwaka wa 1947, watu wapatao 15,000 wa mji huu walipoweka kazi chini kwa karibu siku kumi na mbili, wakawa wakikutana katika uwanja walioupa wenyewe jina la Kiwanja cha Maskini, hapakuwa na mtu aliyeuliza, "Twamdai nani?" Makuli wa bandari, watu wa reli, maboi wa majumbani, kila mmoja alijua mlango wa kugonga. Na makuli walipogoma mwezi wa Machi mwaka wa 1955, marehemu Tom Mboya alikuja kutoka Nairobi kusaidia mapatano, naye alikuta wenye kazi wa kuzungumza nao. Mshahara ulikuwa mdogo na maneno yalikuwa makali, lakini mtu wa kuulizwa alionekana kwa macho.

Baharia wa jahazi naye alimjua wake. Aliyepanda Bandari ya Kale kwenda Uarabuni na kusi alifanya kazi kwa fungu: chakula kikishatolewa, kilichobaki chagawanywa, jahazi lina fungu lake na watu wana lao. Alidhulumiwa mara nyingi, hatusemi uongo hapa. Wazee waliokaa mbele wanacheka kwa kuwa wanajua. Lakini nahodha alikuwa ama ndiye mwenye chombo ama ni jamaa yake, na nyumba yake ilijulikana ni mtaa gani.

Sasa mtazame baharia wa meli ya chuma ya siku hizi. Mwenye meli huenda yuko Ugiriki. Bendera iliyo nyuma ya meli ni ya Panama, au Liberia, au Visiwa vya Marshall, nchi ambazo huenda mwenye meli hajazitia mguu. Kampuni inayoiendesha iko Singapore. Aliyeikodi kwa shehena hii ni mwingine, na aliyekuandika wewe ni ajenti mwenye chumba kimoja juu ya duka hapa mjini. Mwenye meli hupeleka chombo chake chini ya bendera ya nchi nyingine kwa sababu ya kodi ndogo na sheria laini, na kwa sababu nyingine ambayo hawaisemi: ukitaka kumdai, uchoke njiani kabla hujamfikia. Umoja wa vyama vya wafanya kazi wa usafiri wa dunia, ITF, umekuwa ukipigana na bendera hizi za kukodi tangu mwaka wa 1948, na vita hivyo havijaisha.

Tutarudi hapo. Kwanza tuseme juu ya mafunzo, maana ndiko njaa inakoanzia.

Ulimwengu mzima wafuata mkataba mmoja wa mafunzo ya mabaharia, ule wa mwaka wa 1978 uitwao STCW, uliorekebishwa mwaka wa 1995 na tena mwaka wa 2010 huko Manila. Mtu aanza na mafunzo manne ya usalama: kujiokoa majini, kuzuia moto na kuuzima, huduma ya kwanza kwa aliyeumia, na usalama wake na wa wenzake kazini. Si mchezo hayo. Utaruka majini kutoka juu umevaa koti la kuokolea, utakigeuza chelezo cha mpira kilichopinduka, utaingia chumba cha moshi usione kiganja chako mwenyewe. Tena kujiokoa na kuzima moto hapana budi uthibitishe kila miaka mitano kwamba hujasahau. Hapa Mombasa mafunzo hutolewa katika Bandari Maritime Academy, ambayo watu wa umri wetu twaijua kwa jina la Bandari College, kabla halijabadilishwa mwaka wa 2018. Waalimu wanajua kazi yao. Hatuna ugomvi na darasa.

Lakini cheti cha darasani ni nusu ya chakula. Anayetaka kuwa baharia wa kushika zamu sitahani atakiwa awe na miezi sita ya baharini, au mafunzo maalumu pamoja na miezi isiyopungua miwili melini. Anayetaka kuwa afisa wa sitaha atakiwa miezi kumi na miwili baharini ndani ya mafunzo yaliyokubaliwa, na kitabu chake cha mafunzo kijazwe na kutiwa sahihi huko huko. Bila mafunzo ya namna hiyo ni miezi thelathini na sita. Miezi hii haiuzwi dukani wala haifundishwi ubaoni. Yapatikana melini tu.

Na meli ziko wapi? Hilo ni swali ambalo wakubwa hawapendi kuulizwa. Palikuwa na kampuni ya meli ya shirika, ya Kenya, Tanzania, Uganda na Zambia, iliyoundwa miaka ya 1960. Miaka ya 1980 ilipoanza ilikuwa imekwisha kufa. Leo nchi yetu haina meli kubwa za kutosha kuwapokea vijana wake hata wa darasa moja. Mwaka wa 2021 wenye meli wenyewe walifanya hesabu ya mabaharia wa dunia nzima, wakapata watu kama 1,890,000 katika meli zaidi ya 74,000. Nchi zinazotoa wengi ni Ufilipino, Urusi, Indonesia, China na India. Hao walianza zamani kuhakikisha kwamba kijana akitoka darasani ana meli inayomngoja. Sisi twafundisha, kisha twamwambia kijana, "Nenda ukatafute." Ni kama kumfundisha mtu kuogelea juu ya jamvi na kumpa hati kwamba aogelea.

Maoni ya chama, nasi tumeyasema mbele ya wakubwa na tutayasema tena, ni kwamba madarasa yasiongezwe kabla ya nafasi za melini kuongezwa. Makampuni ya meli yanaingia Kilindini kila wiki na kuondoka na faida. Yaambiwe yachukue wanafunzi, wawili wawili katika kila meli, na serikali ilifanye hilo kuwa sharti la mazungumzo. Wengine hapa hawakubaliani nasi. Wanasema meli zitakimbilia bandari nyingine. Huenda. Lakini kijana mwenye vyeti vinne anayebeba viazi soko la Kongowea naye amekimbiwa.

Basi kijana huyo ndiye dalali anayemtafuta. Dalali hasubiri afisini, huja mwenyewe. Hukaa mkahawani, ana simu mbili, ana picha za meli nyeupe, na anajua jina la mama yako. Asema nafasi ni moja, na kwamba mwingine amekwisha toa nusu ya fedha.

Tuliahidi kueleza jambo la aibu. Nalo ni hili.

Miaka michache iliyopita alikuja afisini kwetu kijana mmoja wa Kisauni. Hatutamtaja, na meli na ajenti hatutawataja pia, maana shauri lake bado lina mabaki. Alikuwa amemaliza mafunzo na kungoja zaidi ya miaka miwili. Mkononi alikuwa na mkataba wa miezi tisa, kazi ya mwanafunzi wa sitaha katika meli ndogo ya shehena, mshahara dola 400 kwa mwezi. Alifanya kama tunavyowafundisha ninyi: hakutia sahihi, alituletea kwanza tuusome.

Tuliusoma. Tulitazama mshahara, tukatazama miezi, tukatazama kama nauli ya ndege ni juu ya mwajiri. Yote yalikuwamo. Tukamwambia, "Hauna neno," tukampongeza, tukapiga mhuri wa chama katika nakala yake. Pale palipoandikwa jina na anwani ya mwenye meli palikuwa na jina la ajenti. Macho yetu yalipita juu yake kama yanavyopita juu ya tarehe ya gazeti. Wala hatukumwuliza kama alitoa fedha. Kusema kweli tulijua ametoa, na hatukutaka kusikia, kwa sababu tungesikia ingetubidi tumzuie, naye alikuwa na furaha sana. Baadaye tulipata kujua: shilingi 150,000, nyingine kutoka chama cha akina mama cha mamake, na nyingine mjomba wake aliuza minazi.

Miezi minne ya kwanza alilipwa. Mwezi wa tano meli ilitia nanga nje ya bandari moja ya Ghuba, ikakaa. Kapteni alishuka kwenda kuonana na wakubwa, hakurudi. Walibaki watu kumi na mmoja wa mataifa manne. Jenereta lilizimwa ili kuokoa mafuta, kwa hiyo usiku walilala sitahani kwa sababu vyumba vilikuwa tanuri. Maji ya kunywa yaliletwa na mashua siku ambazo mashua ilikubali kuja. Walivua samaki kwa kamba kando ya meli. Alipopata mtandao alitupigia simu, na kila mara alianza kwa kuuliza habari za mama yake, na kila mara tulimwambia mama hajambo.

Tukaanza kudai, ndipo tulipoona tulichokipigia mhuri. Ajenti alisema, "Mimi ni mjumbe tu, sina meli." Jina lake ndilo lililokuwa katika mkataba, lakini ukilifuata lakupeleka katika chumba kimoja chenye meza. Nambari ya simu ya kampuni iliyoiendesha meli ilikuwa imefungwa. Nchi ya bendera tuliiandikia, ikajibu kwa heshima kwamba barua imepokewa. Tuliandika barua nyingi, na ndugu katibu aliyezipiga chapa yuko hapa na ni shahidi. Miezi sita ilipita hivyo bila senti moja.

Aliyetufungulia mlango hakuwa mtu wa chama. Alikuwa mpaka mafuta wa chumba cha mashine humo melini, mzee wa Kihindi, aliyemwonyesha kijana wetu vitu viwili. Kwanza nambari ya meli, ile nambari ya IMO yenye tarakimu saba. Jina la meli hupakwa rangi likaandikwa jingine, bendera hushushwa ikapandishwa nyingine, lakini nambari hiyo ni ya chombo tangu kinapojengwa hadi kinapokatwa chuma chakavu. Pili alimwonyesha karatasi iliyobandikwa ukutani chumbani mwa kulia, ambayo wote walikuwa wakila chini yake miezi yote hiyo. Ilikuwa hati ya bima. Kijana aliipiga picha kwa simu akatuletea.

Sikilizeni vizuri hapa. Mkataba wa Kazi za Baharini, uliopitishwa na Shirika la Kazi la Dunia huko Geneva mwaka wa 2006, ulianza kutumika tarehe 20 Agosti 2013, na Kenya iliukubali mwaka wa 2014. Baadaye uliongezewa sheria juu ya mabaharia wanaotelekezwa, nazo zilianza kushika tarehe 18 Januari 2017. Zasema mwenye meli lazima awe na dhamana ya fedha, na hati yake ibandikwe mahali watu wote wanapoiona, ikiwa na anwani ya yule wa kupelekewa maombi. Baharia huhesabiwa kuwa ametelekezwa akinyimwa gharama za kurudishwa kwao, au akiachwa bila chakula na matunzo, au asipolipwa mshahara wake kwa muda wa miezi miwili. Lolote katika hayo latosha. Hapo mwenye dhamana hutakiwa kutoa chakula, nauli ya kurudi nyumbani, na mshahara unaodaiwa usiozidi miezi minne.

Miezi miwili, ndugu. Sisi tulimwandikia mwenye bima mwezi wa saba.

Bima ililipa. Kijana alirudi kwa ndege, akapewa mshahara wa miezi minne kati ya saba aliyokuwa akidai. Ile mitatu iliyobaki, dola 1,200, imo katika madai dhidi ya meli, na haijalipwa. Laiti tungalijua kuuliza juu ya karatasi ile ukutani mwezi wa pili, asingalipoteza hata senti. Kosa hilo si la ajenti wala la Panama. Ni letu, tuliokuwa na mhuri.

Na hilo silo linalomwuma zaidi. Kitabu chake cha mafunzo kilirudi bila sahihi. Kapteni aliondoka, hapakubaki afisa wa kuandika kwamba fulani alifanya kazi hii na hii tangu tarehe hii. Hata angalikuwapo, miezi ya kukaa nangani ukivua samaki si miezi ya kujifunza kushika sukani. Alikwenda kutafuta miezi kumi na miwili, akakaa kumi na mmoja, akarudi na minne asiyoweza kuithibitisha. Mama yake alilipa chama cha akina mama kidogo kidogo. Minazi ya mjomba haikurudi.

Wala si yeye peke yake. Mwaka wa 2024 ITF ilihesabu mabaharia 3,133 waliotelekezwa katika meli 312 duniani.

Tangu siku ile halmashauri imekata shauri. Mhuri wa chama hautapigwa tena katika mkataba usio na jina na anwani ya mwenye meli, jina la meli na nambari yake ya IMO, na jina la mwenye bima. Ajenti akisema hayo yatakuja baadaye, basi na sahihi yako ije baadaye. Sheria yenyewe yakupa haki ya kuuchunguza mkataba na kutaka shauri kabla ya kutia sahihi, na kubaki na nakala yako. Ajenti anayekuharakisha mbele ya kaunta ya uwanja wa ndege anakunyang'anya haki hiyo. Na ajenti mwenyewe awe na leseni. Nendeni KMA, mamlaka ya serikali ya mambo ya bahari, mkaulize kama jina lake limo. Kuuliza hakuna gharama ila nauli ya matatu.

Juu ya fedha hatutasema mengi kwa kuwa sheria ni fupi. Ajenti haruhusiwi kukutoza chochote kwa kukupatia kazi. Unachoweza kulipia wewe ni cheti cha daktari, kitabu chako cha baharia, na pasipoti. Viza ni juu ya mwenye meli. Mtu akikuambia "ada ya nafasi," "ada ya kushughulikia," "chai ya kapteni," anakuibia. Twajua mnafikiri nini, enyi vijana: kwamba usipotoa wewe atatoa mwingine. Ni kweli. Ndiyo maana tumewaita nyote pamoja katika chumba kimoja, badala ya kumwambia mmoja mmoja afisini.

Sasa maisha ya melini, kwa wale ambao hawajayaona. Picha ya dalali ya meli nyeupe haionyeshi kutu. Mwezi wa kwanza utagonga kutu na kupaka rangi, ugonge na upake, mpaka usikie nyundo usingizini. Zamu kwa kawaida ni saa nne kazini na saa nane nje, na ile ya saa sita za usiku hadi saa kumi ndiyo inayomzeesha mtu. Zaidi ya zamu kuna kuingia bandarini na kutoka, kufunga kamba na kufungua. Msisimame kamwe katika njia ya kamba iliyokazwa. Ikikatika haimpi mtu nafasi ya kuinama. Na msishuke katika ngama wala tangi lililofungwa kabla hewa yake haijapimwa. Kutu yenyewe hula hewa, na shehena nyingine hali kadhalika. Mmoja ashuka aanguka, mwenzake kwa huruma amfuata kumwokoa, wakatolewa wawili wamekufa. Huruma ya namna hiyo izuieni, mwite watu wenye vifaa vya kupumulia.

Kupumzika kuna hesabu yake. Saa zisizopungua kumi katika kila saa ishirini na nne, na sabini na saba katika siku saba. Zaweza kugawanywa mara mbili tu, na fungu moja lisipungue saa sita. Huandikwa katika karatasi, wewe na mkubwa wako mnatia sahihi, nawe wapewa nakala. Hapo ndipo uongo mwingi unapoandikwa. Meli zina watu wachache kuliko kazi, na karatasi yaonyesha watu wote walilala vizuri. Sisi tunaosema hapa tulikwisha tia sahihi karatasi za namna hiyo zamani tulipokuwa wenyewe baharini, kwa kuogopa kutoandikwa tena. Hatuwahukumu wanaofanya hivyo. Twawaomba tu waweke daftari lao dogo la saa za kweli, maana siku mtu akianguka kwa uchovu, karatasi ya meli itasema alikuwa amelala.

Mshahara ulipwe kila mwezi, pamoja na hesabu yake kwa maandishi. Kwa baharia kamili wa sitaha kuna kima cha chini kinachopatanwa chini ya Shirika la Kazi la Dunia. Mwaka wa 2025 kilikuwa dola 673 kwa mwezi, kabla ya ovataimu. Likizo ya malipo ni siku mbili na nusu kwa kila mwezi wa kazi. Na usiwekwe melini miezi kumi na miwili bila ya kupata haki ya kurudishwa nyumbani kwa gharama ya mwenye meli. Mnakumbuka mwaka wa 2020, wakati wa korona, bandari zilipofungwa na watu wapatao 400,000 wakakwama melini ingawa mikataba yao ilikuwa imekwisha. Dunia iliendelea kula na kuvaa kwa jasho lao, na wengi hawakujua wapo.

Kuna wawili ambao mkataba huu wa 2006 hauwagusi, na ni watu wetu hasa. Mmoja ni mvuvi. Vyombo vya uvuvi havimo ndani yake. Vina mkataba wao mwingine. Dalali mwongo hukuandika "baharia wa meli" na kukushusha katika chombo cha uvuvi, ukidai haki uambiwe sheria si yako. Kwa hiyo ulizeni meli ni ya kazi gani, na ile nambari ya IMO itazamwe kabla ya safari. Wa pili ni baharia wa jahazi. Mkataba wenyewe wayataja majahazi kwa jina na kuyaweka nje. Waliouandika walikuwa na sababu zao, lakini ndugu zetu wanaobeba simenti na mikoko hawazami majini polepole kwa kuwa chombo chao ni cha ubao. Wazee wa Bandari ya Kale wameomba kikao cha peke yao juu ya jambo hili, na tumewakubalia.

Neno la mwisho juu ya yule tajiri asiyeonekana. Mwenye meli aweza kujificha, meli haiwezi. Deni la mshahara wa baharia hushika chombo chenyewe, hata kikiuzwa kwa mtu mwingine. Meli yenye deni ikiingia Kilindini, Mahakama Kuu ina uwezo wa kuizuia isitoke mpaka madai yasikizwe. Ile meli ya kijana wetu imebadilishwa jina, twaambiwa, na sasa ina bendera nyingine. Nambari yake ya tarakimu saba imeandikwa ubaoni afisini kwetu, juu ya meza ya karani, na kila mmoja wenu anayefanya kazi gatini twamwomba aje ainakili. Ikionekana nje ya mlango wa bandari, hata usiku wa manane, pigeni simu.

Leteni mikataba yenu kabla ya kutia sahihi, na mkiwa mbali pigeni picha mzitume. Sasa tutapokea maswali. Tuanze na yule dada wa mafunzo ya mashine, aliyenyoosha mkono tangu tulipotaja miezi ya baharini, halafu mzee wa Bandari ya Kale.